Mstari wa Jumla wa Bi. Eunike Ndosi

Jumamosi tarehe 30 Juni 1984, Bi. Eunike Ndosi anastaafu kazi katika Chama cha Mikopo ya Nyumba Mawenzi, hapa Moshi, baada ya kukitumikia kwa miaka ishirini na moja na karibu miezi mitano. Aliajiriwa Jumatatu tarehe 4 Februari 1963 akiwa Mpiga Chapa Daraja la Pili. Anaondoka akiwa Mpiga Chapa Daraja la Pili. Msomaji asidhani hapo pameingia kosa. Nimeihakiki sentensi hiyo mara mbili.

Kamati ya sherehe iliniomba niandike ukurasa mmoja wa kufurahisha, usiogusa mambo ya mwaka 1975. Nimejaribu kwa wiki nzima. Ukiuondoa mwaka 1975, kinachobaki ni kwamba alikuwa akifika kazini mapema, na kumuaga mtu kama huyu kwa kusema hivyo tu ni kumkosea adabu. Kwa hiyo nimeandika kurasa zaidi ya moja, na lawama zake ni zangu.

Bi. Eunike alizaliwa Masama mwaka 1929, katika familia ya wakulima wa kahawa na ndizi. Kupiga chapa alijifunza katika ofisi ya misheni, kwa mama mmoja Mjerumani ambaye, kama anavyosimulia mwenyewe, alifunika herufi zote kwa plasta ili wanafunzi wasichungulie. Alipokuja kwetu, chama kilikuwa na mwaka mmoja tu. Kilikuwa na vyumba viwili juu ya duka la vitambaa, kabati moja, na taipureta ambayo herufi yake ya “k” ilikuwa imepinda. Alisema neno “mkopo” likipigwa kwa mashine ile linaonekana limelewa.

Tulimzoea kwa ukali wake wa barua. Barua yenye kosa haikutoka mezani kwake hata iwe imeandikwa na nani. Meneja wetu wa kwanza alirudishiwa barua moja mara nne kwa sababu ya jina la mwanachama lililokosewa, na mara ya nne alikwenda kumwomba radhi akiwa ameshika kofia mkononi. Siku za Ijumaa alitupikia kiburu, ndizi na maharage vilivyopondwa pamoja, akakileta katika sufuria iliyofungwa kwa kanga, na aliyechelewa kazini wiki ile alipewa mwisho. Miaka hii ya karibuni, utepe wa taipureta ulipokuwa haupatikani Moshi wala Arusha, aliugeuza ule wa zamani upande wa pili, akaupaka mafuta ya taa kidogo, na barua zikaendelea kutoka.

Hayo ndiyo ya kufurahisha. Sasa niseme yale yaliyofanya nikubali kuandika.

Chama chetu kilianzishwa ili mfanyakazi wa kawaida apate nyumba ya matofali na bati. Ni shabaha njema, na sijawahi kuionea haya. Mwanachama alileta barua ya mwajiri wake, akaonyesha kiwanja, akaweka hati rehani kwetu, akapewa mkopo wa miaka ishirini kwa riba ya asilimia nane na nusu kwa mwaka. Aliyekopa shilingi elfu kumi na mbili alikatwa shilingi mia moja na nne na senti kumi na tano kila mwezi. Alikuja dirishani kwangu akaniuliza, “Karani, riba ni ngapi?” Nami nilimjibu, “Asilimia nane na nusu tu.” Alikwenda zake akidhani kwamba juu ya elfu kumi na mbili ataongeza kama elfu moja, basi. Nilijua anadhani hivyo. Nilimwacha adhani, kwa sababu hivyo ndivyo nilivyofundishwa, na foleni ilikuwa ndefu.

Kila mkopo ulikuwa na jedwali lake. Lilikuwa na mistari mia mbili na arobaini, mmoja kwa kila mwezi, likionyesha ni kiasi gani cha malipo kinakwenda kwenye riba na kiasi gani kinapunguza deni lenyewe. Liliandikwa kwa Kiingereza na lilifungiwa kabatini. Mwanachama hakupewa. Makarani hatukulisoma. Mkaguzi alitazama mstari wa mwisho tu. Mtu mmoja tu katika jengo lile ndiye aliyepitia jedwali zima, mstari kwa mstari, naye alilipitia kwa sababu ndiye aliyelipiga chapa.

Kwa hiyo ndiye aliyeona kwamba katika mwezi wa kwanza wa mkopo huo wa elfu kumi na mbili, shilingi themanini na tano zote zilikwenda kwenye riba, na deni likapungua kwa shilingi kumi na tisa na senti kumi na tano. Ndiye aliyejumlisha safu zote na kuona kwamba mkopaji atalipa shilingi elfu ishirini na nne mia tisa tisini na sita. Akaongeza bima ya moto ya kila mwaka na ada za hati na za mpimaji, akapata elfu ishirini na sita mia mbili na sita. Nyumba moja ililipiwa kama mbili na zaidi, na mwenye kulipa hakuambiwa.

Alimwambia meneja jambo hilo mwaka 1971. Meneja wakati huo alikuwa Bwana Wenseslaus, mtu mwenye Kiingereza kizuri na viatu vizuri. Alimjibu kwamba kazi yake ni kupiga chapa, hesabu zina wenyewe. Bi. Eunike akarudi mezani.

Ikaja njaa ya mwaka 1974. Unga ulipanda, mafuta yalipanda, mishahara ilibaki ilipokuwa. Wanachama wengi walianza kuomba wapunguziwe makato. Katikati ya mwaka 1975, Bwana Wenseslaus akabuni kitu alichokiita Barua ya Nafuu. Mwanachama akitia saini, makato ya mwezi yanapungua. Kilichoandikwa kwa herufi ndogo chini kabisa ni kwamba muda wa mkopo unaongezwa miaka kumi. Nafuu! Mpaka leo neno hilo nikiliona kwenye karatasi, natafuta kwanza herufi ndogo.

Jumanne tarehe 19 Agosti 1975, Ndugu Sirili Ntandu alikuja ofisini na mkewe, Salvina. Sirili ni mtu wa Singida, fundi wa boila katika kiwanda cha sukari, na nyumba yao iko Pasua. Alikuwa amekopa elfu kumi na mbili mwaka 1969, na kwa miezi sabini na miwili hakuruka hata mmoja. Nilimpa Barua ya Nafuu. Badala ya mia na nne, atakatwa shilingi themanini na tatu na senti ishirini na tano. Uso wake ulikunjuka. Nilimpa kalamu, nikamwita Bi. Eunike aje kupiga tarehe na jina.

Salvina alimwamkia. “Shikamoo, mama.”

“Marahaba, Salvina. Watoto hawajambo?” Kisha akamgeukia mumewe. “Ndugu Sirili, umeambiwa ukitia saini hapo utalipa jumla ngapi mpaka mwisho?”

Sirili alinitazama mimi. “Nimeambiwa themanini na tatu na senti.”

“Hiyo ni ya mwezi mmoja. Mimi nauliza mpaka mwisho.”

“Mama Eunike,” nikasema, “hayo tutamweleza baadaye.”

“Baadaye lini, Elifuraha? Akishatia saini?”

Bi. Eunike akavuta kipande cha karatasi, akaandika tarakimu mbili kubwa, moja chini ya nyingine, akakigeuza kiwaelekee. “Usipotia saini, umebakiza kulipa elfu kumi na saba mia nne tisini na saba, na utamaliza mwaka 1989. Ukitia saini, utalipa elfu ishirini na tatu mia tisa sabini na sita, na utamaliza mwaka 1999. Wanakupunguzia shilingi ishirini na moja kwa mwezi, halafu wanakudai karibu elfu sita na mia tano zaidi.”

Sirili aliisoma karatasi ile kwa muda mrefu. Ni mtu wa maneno machache. “Na hizi nilizokwisha kulipa?” akauliza.

“Umelipa elfu saba mia nne tisini na nane. Deni limepungua elfu moja mia saba themanini na nane.”

“Nyingine zimekwenda wapi?”

“Riba.”

Hapo Salvina akasema kwa sauti iliyosikika mpaka kwenye ngazi, “Kwa hiyo kwa miaka sita tumenunua choo na kizingiti!” Akaitoa kalamu mkononi mwa mumewe, akaiweka juu ya meza yangu, polepole, kama mtu anayerudisha kitu kilichooza dukani. “Twende, baba.”

Lakini mlangoni alisimama, akarudi kumuuliza Bi. Eunike, “Mama, na mtu akitaka kulipa zaidi badala ya kidogo, anaruhusiwa?” Bi. Eunike akamwambia inaruhusiwa, imo katika kanuni ya kumi na nne, na kwamba kila shilingi ya ziada inapunguza deni lenyewe siku hiyohiyo. Kanuni hiyo hatukuwahi kumwambia mwanachama yeyote. Sikujua hata kwamba yeye anaijua. Alikuwa ameipiga chapa mwaka 1963.

Ningependa kusema kwamba siku ile nilisimama upande wake. Sikusimama. Nilikwenda kunywa chai.

Siku tatu zilizofuata, Bi. Eunike alikuwa na Barua za Nafuu thelathini na moja za kupeleka posta. Chini ya kila moja, palipokuwa wazi, alipiga mstari mmoja kwa Kiswahili: “Jumla utakayolipa hadi mwisho wa mkopo ni shilingi…” na tarakimu ya mwanachama huyo, aliyoikokotoa mwenyewe. Akaweka barua katika bahasha, akabandika stempu, akazipeleka.

Barua ishirini na saba zilirudi bila saini. Bwana Wenseslaus alipotambua kilichotokea, alimwita Bi. Eunike mbele yetu wote. Hakumruhusu akae. Alimwita mhujumu, neno zito sana siku zile, lililoweza kumpeleka mtu polisi. Yeye alisikiliza mpaka mwisho, akauliza jambo moja tu: “Meneja, kuna tarakimu niliyokosea?”

Alipewa barua ya onyo, akasimamishwa kazi kwa miezi mitatu, na aliporudi mwezi Desemba alikuta taipureta imepewa mtu mwingine. Alipelekwa chumba cha mafaili ya zamani, kisicho na dirisha, akae na panya. Mtu wa miaka arobaini na sita, mwenye miaka kumi na miwili kazini, aliyefanya kosa la kujumlisha!

Bwana Wenseslaus alituma barua nyingine zisizo na ule mstari, lakini alikuwa amechelewa. Watu walikuwa wameonyeshana zile za kwanza, Pasua, Njoro, na kwenye makambi ya kiwanda cha sukari. Jumamosi tarehe 20 Machi 1976, mkutano mkuu wa wanachama, ambao kwa kawaida huhudhuriwa na watu arobaini wanaosubiri soda, ulijaza ukumbi mpaka wengine wakasimama nje madirishani.

Sirili aliomba kusema. “Ndugu Mwenyekiti, mimi ni fundi wa boila. Boila yetu inakula makapi ya miwa. Mkubwa wangu akiniuliza inakula kiasi gani, namwambia kwa saa, namwambia na kwa msimu mzima, maana asipojua ya msimu atakwama katikati. Nyinyi mliniambia ya mwezi tu. Nauliza, ile ya msimu mzima mliificha kwa nini?”

Bwana Wenseslaus alisimama akajibu kwamba mambo haya ni ya kitaalamu. Mwanachama wa kawaida akiona tarakimu kubwa atatishika, hatakopa, atabaki katika nyumba ya udongo, na taifa halitajengwa. Akaongeza kwamba fujo yote ilianzishwa na mpiga chapa tu, ambaye hakusomea hesabu.

Salvina hakuomba nafasi. Alisimama palepale alipokuwa amekaa. “Mpiga chapa tu amejumlisha! Nyinyi mliosomea mlishindwa nini?”

Mwenyekiti aligonga meza kwa dakika nzima kabla ya ukumbi kutulia. Kabla ya saa saba mchana, wanachama walikuwa wamepitisha azimio: kila mkataba na kila barua ya mkopo iandikwe kwa Kiswahili, na iwe na mstari wa jumla, mahali pa wazi, kwa herufi kubwa kama nyingine. Azimio lilianza kutumika tarehe 1 Aprili 1976. Lipo mpaka leo. Vyama vingine vilikuja kuuliza tulilipataje, na viongozi wetu waliwaeleza kwa kujisifu bila kulitaja jina lake hata mara moja.

Bwana Wenseslaus aliondoka mwaka uliofuata kwenda kazi kubwa zaidi Dar es Salaam. Tulimfanyia sherehe. Alipewa saa ya ukutani, blanketi na hotuba mbili. Wasifu wake ulijaa kurasa nne, na ulisema kwamba katika uongozi wake chama kilianzisha uwazi wa gharama kwa wanachama. Niliusoma kwa macho yangu. Aliyeupiga chapa ni Bi. Eunike, kwa sababu wakati huo walikuwa wamemrudishia taipureta yake, baada ya yule mwingine kushindwa majedwali. Aliupiga wote, bila kosa, akaupeleka mezani kwa mwenyewe. Nilimuuliza alijisikiaje. Akasema, “Nilirekebisha ‘uwazi’. Walikuwa wameandika ‘uazi’.”

Sirili na Salvina walianza kulipa shilingi hamsini za ziada kila mwezi kuanzia Septemba 1975. Salvina aliamka alfajiri kukaanga maandazi, akayauza kwenye lango la kiwanda zamu zilipokuwa zikipishana. Ilipokosekana ngano, aliuza uji na viazi vitamu. Kuna miezi walikosa hata sabuni, lakini hamsini ilifika dirishani kwangu. Mwezi Februari 1983 walimaliza deni, miaka sita na nusu kabla ya wakati wake. Walikuja kuchukua hati wamevaa nguo za kanisani. Kwa utaratibu, hati hukabidhiwa na meneja. Meneja wetu wa sasa alipowanyooshea, Salvina aliweka mikono nyuma kama mtoto anayekataa dawa.

“Samahani, baba,” akasema. “Mpe Mama Eunike, atupe yeye.”

Meneja, na hapa namshukuru, alielewa. Bi. Eunike aliitwa. Alikuja na wino wa utepe vidoleni, akawa anahangaika kujifuta asije akaichafua karatasi. Aliitoa hati kwa mikono miwili. Sirili aliipokea, akamshika mkono tu na kuutikisa kwa muda mrefu. Salvina alilia waziwazi. Katika miaka yangu yote dirishani, ni siku hiyo peke yake niliyoona kazi yetu ikifanana na ile shabaha tuliyoanzia.

Lakini nisiishie kwenye machozi mazuri, maana Bi. Eunike alidhulumiwa na dhuluma hiyo haijafutwa. Barua ile ya onyo bado imo katika faili lake. Aliomba kupandishwa daraja mwaka 1977, mwaka 1979 na mwaka 1982, na kila mara alijibiwa kwamba ana doa la nidhamu. Doa lenyewe ni mstari ambao sasa ni kanuni ya chama! Kiinua mgongo atakachopewa Jumamosi kimekokotolewa kwa daraja lilelile la pili. Na mshahara wa ile miezi mitatu aliyosimamishwa, shilingi elfu moja mia moja na arobaini, haujalipwa mpaka leo. Nimeukokotoa kwa riba yetu wenyewe, asilimia nane na nusu, kwa njia ileile tunayomkokotolea mwanachama anayechelewa. Umefika zaidi kidogo ya shilingi elfu mbili mia tatu na hamsini. Halmashauri ya chama inayo tarakimu hiyo mezani tangu wiki iliyopita, pamoja na ombi la kuiondoa barua ya onyo, lenye saini za wafanyakazi kumi na wanne kati ya kumi na sita. Tunasubiri jibu, na tutaendelea kuuliza hata baada ya soda za sherehe kwisha.

Jambo moja la mwisho linanihusu mimi. Barua ya kwanza kabisa ya Nafuu iliyotiwa saini katika ofisi hii, mwezi Julai 1975, ilikuwa ya mwanachama mfanyakazi aitwaye Elifuraha Swai. Nilikuwa karani wa mikopo, na jedwali la mkopo wangu lilikuwa kabatini, hatua tatu kutoka kwenye kiti changu. Sikulifungua. Nilifurahia nafuu ya mwezi kama watu wote. Baadaye Bi. Eunike alinipigia jumla yangu kwenye kipande cha karatasi, akakiacha chini ya kikombe changu bila kuniaibisha mbele ya wenzangu. Nitamaliza kulipa mwaka 1999, nikiwa na miaka sitini na mitatu.

Bi. Eunike, asante kwa miaka ishirini na moja ya kazi safi, na asante kwa kiburu. Asante zaidi kwa swali lile uliloliuliza mbele yangu siku nilipotaka unyamaze. Nenda Masama ukapumzike katika nyumba yako, ambayo hukuiweka rehani kwa mtu. Tunakuombea afya, kahawa yenye bei, wajukuu wanaosikia, na maisha marefu yenye amani. Sisi tuliobaki tutakuwa tunajumlisha.

Elifuraha Swai
Karani wa Mikopo